Nani Meyer wa Dreekamp?

Bremen, 14 Machi 1784

Kwa Cord, mdogo wangu,

Sikusalimu. Salamu utazipata mwishoni, kama hasira itaniachia nafasi.

Jana alipita hapa karakanani muuza kitani wa kwetu, yule mwenye sikio moja. Ananiambia huku anatafuna mkate wangu, "Hongera, Jobst! Mdogo wako kapata mke wa maana." Nikauliza mke gani. "Ilsabein wa Dreekamp, binti Meyer. Siku hizi mdogo wako naye ni Meyer." Cord, nilikuwa nimeshika shoka la kuchongea mbao za mapipa. Nililiweka chini taratibu, maana najijua.

Ilsabein! Ilsabein wangu! Na wewe ulijua. Siku naondoka kwenda kutafuta ufundi, nani alinibebea mfuko mpaka njia panda? Nani nilimwambia, "Nitazamie yule msichana"? Kanuni ya chama cha mafundi unaijua, miaka mitatu na siku moja sina ruhusa ya kukanyaga kwetu. Ndiyo maana nikakuandikia wewe, ndugu yangu wa tumbo moja, unipelekee posa kwa mzee Meyer. Ulipeleka posa ya nani?

Tena umekuwa Meyer! Baba yetu Köhler, babu yetu Köhler, wachoma makaa tangu jina lenyewe lilipozaliwa, moshi umetuingia mpaka kwenye kucha. Leo wewe ni Meyer, msimamizi wa shamba la bwana, mtu wa kukusanya nafaka za wenzake. Umevua jina la baba kama koti lenye chawa. Hata aibu huna.

Nijibu. Nataka nisikie utasema nini.

Jobst Köhler

(Salamu sijaziona.)

---

Dreekamp, 2 Mei 1784

Kaka Jobst,

Nakusalimu kwa heshima, hata kama wewe hukunisalimu. Pole kwa kusikia kwa watu. Nilianza barua mara tatu na mara tatu nikaitia motoni.

Posa niliipeleka. Nilimkuta mzee Meyer amekaa karibu na moto, nikamsomea barua yako kwa sauti. Uliandika kwa mkono wako, "Namtaka Ilsabein, lakini mimi ni Köhler na Köhler nitabaki." Kaka, wewe ni mtu wa huku, nikufundishe nini? Hapa jina si la mtu, ni la shamba. Anayeoa kwenye moto wa Meyer anakuwa Meyer. Yule mshona nguo aliyeoa nyumba ya wahunzi si anaitwa Schmidt mpaka leo, na nyundo akiiona anaikwepa? Ukikataa jina umekataa moto, na ukikataa moto binti humpati. Mzee alitema mate kwenye jivu, akasema, "Basi abaki na makaa yake."

Mwaka mzima ukapita. Kisha mzee akaniuliza mimi kama jina lake lingenikaa. Nikasema litanikaa. Siku ya harusi walinizungusha moto mara tatu, nikashika mnyororo wa kutundikia chungu juu ya moto, mzee akawaambia watu, "Huyu ni Meyer." Mnyororo ulikuwa wa moto ukaniunguza kiganja. Nilinyamaza.

Usiniite mwizi. Kiti ulichokikataa ndicho nilichokikalia.

Mdogo wako,
Cord Meyer, mzaliwa Köhler

---

Bremen, 9 Novemba 1784

Kwa Bwana Meyer wa Dreekamp, mwenye ng'ombe, mwenye mizinga ya nyuki, mwenye mke wa mtu,

Nimesoma. Umeandika vizuri, mwalimu wetu angefurahi. Kila neno limekaa mahali pake, na ndiyo maana siliamini hata moja.

Nikupe habari za hapa. Fundi mkuu wetu ana mchezo wake. Fundi mgeni akiingia haulizwi anajua nini, anaulizwa jina, na jina ndilo linalompa kazi ya kwanza. Becker babu zake walioka mikate, basi kila asubuhi yeye ndiye anayetumwa mkate. Fischer wa ukoo wa wavuvi anaosha mapipa ya samaki wa chumvi, na harufu yenyewe inamtapisha. Schneider, jina la washona nguo, anatushonea aproni, na suruali yake imepasuka nyuma tangu Pasaka. Mimi Köhler nilipewa moto. Pipa huwashiwa moto ndani, mbao zilainike zikubali kupinda, na mtu wa moto ni mimi. Tunacheka sana. Hakuna hata mmoja wetu anayemjua huyo babu aliyeoka au aliyevua. Kazi zilishakwenda zake, majina yakabaki yametukalia vichwani.

Wiki iliyopita kaingia jamaa mmoja mrefu, mpole. Jina? "Meyer." Fundi mkuu akasema, "Aa, msimamizi! Basi wewe simama tu, utuangalie tukifanya kazi." Akasimama kweli, mikono kiunoni. Cord, nilimrukia. Hakuwa amenikosea chochote. Walituachanisha watu wanne, na jino lake moja lilibaki sakafuni. Adhabu yangu ni kufagia karakana mwezi mzima, na nafagia.

Nimempa mwenye gari la farasi aje na mzigo wenu. Ni pipa la kusukia siagi, zawadi ya harusi, la Ilsabein si lako. Mwaloni mtupu, halivuji hata tone. Nimelichonga siku tisa, na siku zote tisa nilikuwa nakutukana.

Bado anafunika mdomo akicheka? Hilo usinijibu. Nijibu hili: ile barua, ulimsomea mzee yote?

Jobst Köhler

---

Dreekamp, 20 Februari 1786

Kaka Jobst,

Nimechelewa kujibu, mwaka na zaidi. Mzee Meyer alifariki, ufunguo wa nyumba sasa ninao mimi. Na tumepata mtoto wa kike, Alheid. Ana kidevu cha mama yako na yangu.

Lile pipa lilifika. Laiti lingetumbukia mtoni! Ilsabein hataki mjakazi aliguse. Analiosha mwenyewe, analianika mwenyewe, anakaa nalo dirishani anasuka maziwa huku ameuma midomo, haongei na mtu. Nilimwambia, "Mke wangu, si tutumie lile la zamani?" Akanitazama. "Lile linalovuja?" Na kweli linavuja. Basi siagi ya nyumba hii ninaila kila siku, na kila siku inanikaba kooni. Siku moja nikalipiga teke. Pipa halikufanya hata ufa, kidole changu ndicho kilichovunjika. Akanifunga kidole kimya kimya, hakuniuliza nimefanyaje. Heri angenitukana.

Wewe unadhani nimekaa hapa nimenenepa. Mbele yangu watu wananiita Meyer, nikiwapa kisogo ni mchoma makaa. Kanisani nakaa kwenye benchi la Meyer, limechongwa jina, na naona kama benchi lenyewe linaniuliza nimefikaje pale. Sasa na nyumbani kwangu kumekaa pipa lako linanitazama.

Usitume tena kitu. Nakuomba kama ndugu.

Swali lako nimelisoma.

Cord

---

Bremen, 3 Aprili 1786

Cord,

Kidole chako kimenifurahisha, sikufichi. Nimecheka mpaka fundi mkuu akaniuliza nimepata urithi gani. Pole. Aa, wapi, sina pole!

Anakaa nalo dirishani, ee? Ameuma midomo? Niandikie tena hayo. Niandikie na dirisha gani.

Miaka yangu mitatu na ile siku moja ilishakwisha, njia ya kwetu ni nyeupe. Siji. Nikija nitamkuta anakupakulia uji, nami nitavunja zaidi ya kidole. Hapa kuna mjane wa mwenye duka la kamba, ananitazama vizuri, ana kicheko kizuri. Nilimtembelea mara mbili. Mara ya pili nikamwita Ilsabein, akanionyesha mlango. Basi na hilo nalo nakudai wewe.

Mtoto mbusu. Yeye hana kosa.

Swali langu umelisoma. Na mimi kimya chako nimekisoma.

Jobst Köhler, na nitakufa Köhler

---

Dreekamp, 11 Januari 1789

Kaka,

Kifua kimenishika tangu kuvuna kitani. Natema damu. Mganga amenitoa damu nyingine mkononi, kana kwamba iliyokuwa ikitoka haikutosha. Sitauona mwezi wa tano, kwa hiyo nikujibu.

Hapana. Sikumsomea yote.

Upande wa mbele uliandika yale ya kiburi, kwamba utabaki Köhler. Mwisho wa ukurasa ukaniandikia mimi, "Cord, mzee akigoma, geuza." Na nyuma ulikuwa umeandika, "Basi aniite anavyotaka. Meyer, Schmidt, hata Mbwa. Mradi nimpate Ilsabein." Nilikuwa nimeisoma mara ishirini njiani. Naijua kwa moyo mpaka leo.

Mzee alipotema mate, karatasi ilikuwa mkononi mwangu. Kaka, ilikuwa kazi ya vidole viwili tu. Sikugeuza. Niliikunja nikaitia mfukoni, nikasema, "Ndivyo alivyoandika, mzee." Na ndivyo ulivyoandika kweli, upande huo.

Unajua kwa nini? Kwa sababu tangu utoto wewe ndiye uliyeitwa kwanza. Jobst mwenye nguvu, Jobst mwenye mikono. Ilsabein alikuwa anakuchekea wewe, na mimi nilikuwa nyuma nimebeba mfuko. Mpaka njia panda nilibeba mfuko wako huku namtazama yeye akikupungia mkono. Nilikuonea wivu. Nikadhani nikishampata utaniisha. Wapi! Nilimpata, na wivu ukahamia humu humu ndani, ukawa unalala nasi.

Sikuombi unisamehe. Njoo tu, mapema, nikuone.

Cord Köhler

---

Dreekamp, 26 Aprili 1789

Shemeji Jobst,

Huu ni mwandiko wa Ilsabein. Huujui, kwa sababu hukuwahi kuniandikia.

Cord alifariki Jumanne baada ya Pasaka. Alikungoja. Kila gari likipita alikuwa anainua kichwa. Nilimfumba macho kwa mkono wangu, nikachukua ufunguo wa nyumba nikaenda kwenye mizinga, nikagonga kila mzinga mara tatu kuwaambia nyuki bwana wao amekufa. Wasipoambiwa wanahama, unajua. Ndipo nikakaa chini nikalia.

Barua zenu zilikuwa kwenye sanduku la kitani, chini kabisa. Nimezisoma zote. Ile ya posa nimeigeuza.

Sasa nisikilize mimi, maana nyie wawili mmesema vya kutosha. Siku Cord anasoma ile barua nilikuwa hatua tatu kutoka motoni, mwiko mkononi. Hakuna aliyegeuza shingo kunitazama. Wewe ulimposa baba, baba akakukataa wewe, Cord akaficha karatasi. Na mimi? Nimekaa miaka hii yote nikijua kuna mwanamume aliyeona jina la makaa ni bora kuliko Ilsabein. Lile pipa lako mlidhani nalipenda. Toba! Nilikuwa nakupiga wewe humo ndani, kila siku, mpaka siagi inaganda. Kuna siku nyingine haikuwa hasira. Cord aliona hivyo kabla mimi sijajikubalia.

Mnasema mna wivu. Hata mimi ninao. Miaka mitano mmeandikiana juu yangu, dirisha gani, midomo vipi, anachekaje, na mimi sikupata hata mstari mmoja. Nilizionea wivu barua!

Na ujue, Cord alikuwa mume mwema. Alifanya ubaya mmoja na ukamla mwili wote. Alheid halali bila nyimbo zake. Usije hapa ukamsema vibaya mbele ya mtoto.

Kuhusu hilo jina mnalonyang'anyana. Baba yangu mliyekuwa mnamwogopa, mzee Meyer, alizaliwa Weber, mwana wa wafuma kitani, alikuja hapa na viatu vya kuazima. Babu yangu alizaliwa Schäfer, kwao walikuwa wachunga kondoo. Wote walizungushwa moto huu, wote waliungua kiganja kwenye mnyororo uleule, wote wakanyamaza wakidhani ni wao peke yao. Aliyezaliwa Meyer ni mama yangu, na bibi yangu, na mimi, na Alheid. Hakuna aliyewahi kunizungusha moto, nilizaliwa kando yake. Meyer ni mimi, Jobst. Nyie mnapita.

Karani wa bwana mwenye ardhi amenipa mpaka sikukuu ya Mtakatifu Mikaeli, mwisho wa Septemba, niwe nimeweka mwanamume hapa, la sivyo ataniwekea yeye. Ameshanitajia nani. Möller mwenye kinu, yule aliyefiwa na mke. Ndiye mtu pekee wa kijiji hiki ambaye jina linasema kweli, ni msaga unga mwana wa wasaga unga, lakini unga wako ukiingia kinuni kwake unatoka nusu. Mikono yake naijua, imewahi kupotea njia. Sitaki iingie humu.

Nami nikuambie mapema, usije ukanilaumu. Shamba ni la Alheid. Akiolewa, sisi tunahamia kile kijumba cha nyuma, na watoto wako hawatapata hata tuta moja. Mumewe ataitwa Meyer na wewe utakuwa mzee wa kuota jua. Ndivyo ilivyo.

Upande huu nimemaliza. Geuza.

Ilsabein Meyer

[Nyuma ya karatasi]

Ningekukubali na makaa yako. Hakuna aliyeniuliza.

Njoo kabla ya mavuno.

---

Bremen, 17 Mei 1789

Ilsabein,

Nimegeuza. Nimegeuza mara nyingi mpaka karatasi imechakaa kwenye mkunjo.

Barua ya Cord ilinifikia Februari. Ningeweza kufika. Nilikaa nayo zaidi ya miezi miwili, nikisema mwache naye aonje kungoja. Nilipofunga mfuko wangu ndipo barua yako ikaingia. Hilo nimelifanya mimi, hakuna wa kumsingizia.

Nakuja. Fundi mkuu ameniuliza naenda kufanya kazi gani huko, nikamwambia naenda kuwa Meyer. Yule Meyer asiye na jino alicheka mpaka akakaa juu ya pipa. Ana haki yake. Tumekunywa bia pamoja, akaniambia hata yeye kwao hawakuwahi kusimamia chochote, ila mbuzi wawili.

Nikueleze ukweli kabla sijafika. Bado nina wivu. Ndugu yangu yuko ardhini na bado namwonea wivu, kwa miaka mitano, kwa kile kidole ulichomfunga, kwa hizo nyimbo. Hata Möller nimemwonea wivu kwa kuandikwa kwenye barua yako mistari mingi hivyo. Kofia ya Cord usinipe. Kiti chake kitunzie Alheid, mimi nitajichongea changu. Pipa ni langu, hilo nitakaa nalo bila shida. Sijui wivu huu utaisha lini. Nisikudanganye, nadhani nitazeeka nao kwenye hicho kijumba cha nyuma.

Nikifika nitapita makaburini kwanza, peke yangu. Nina la kumwambia Cord. Yeye hakugeuza karatasi, ni kweli, lakini mimi ndiye niliyeandika pande mbili. Mtu anayetaka mke huandika upande mmoja.

Kiganja changu kina sugu la moto miaka saba, mnyororo wenu hauniungui. Ukiniunguza nitapiga kelele watu wote wasikie, ili atakayekuja kumwoa Alheid ajue.

Waambie nyuki nakuja. Jina waambie wewe, ni lako.

Jobst